Hakuna Mpunga Hapo

Mama alinipigia simu asubuhi, chai ikiwa bado jikoni, akaniambia Bibi wa Sakafu hataki kusimama.

Hakusema hawezi. Alisema hataki, na akalirudia neno hilo ili lisinipite. Mfupa wa nyonga umeunga, hospitali wameridhika, wamempa fremu ya chuma ya kushikilia na kumwonyesha mazoezi. Lakini tangu arudishwe nyumbani kwake Kibaoni, kwetu Ifakara, anakaa kitandani na kuutazama mlango.

"Wamesema asipoanza sasa, hiyo miguu italala moja kwa moja," Mama alisema. "Fausta amembembeleza mpaka sauti imemkauka." Fausta ni binti yake, ndiye anayemuuguza. "Njoo wewe. Nyie watoto wa viatu aliwapenda."

"Alikuwa anatufokea, Mama."

"Na wengine je, aliwahi kuwafokea vile? Njoo."

Nilipanda basi Morogoro. Milima ya Udzungwa ilikaa upande wa kulia kama kawaida yake, na miwa ilipokwisha na mpunga ukaanza, nikajikuta nimenyanyua vidole vya miguu ndani ya raba zangu bila kukusudia. Hivyo ndivyo mwili wangu unavyomkumbuka Bibi. Kichwa kinafuata baadaye.

Alikuwa mwangalizi wa sakafu ya kuanikia kwenye mashine ya kukoboa iliyo karibu na kwetu. Mpunga ukitoka shambani bado una maji ndani yake, na ukiupeleka kwenye mashine hivyo hivyo, mchele unatoka umevunjikavunjika, hata kuku anautazama mara mbili. Kwa hiyo nje ya mashine kuna uwanja mpana wa saruji, laini kuliko sebule ya mtu yeyote tuliyemjua, na kila anayeleta mpunga hupewa kipande chake cha kuanika. Aliyekuwa anagawa vipande alikuwa yeye. Alichora mipaka kwa macho. Ukisogeza mpunga wako kidogo uingie kwa jirani, aliona akiwa upande wa pili kabisa, na alikuja akitembea polepole, jambo lililotisha kuliko kukimbia.

Alikuwa mfupi, mwembamba, mwenye kisigino kigumu kama kibao cha kukunia nazi. Alifunga kanga mbili, moja ya kuvaa na moja ya akiba, na mkononi alishika mwanzi wenye vipande vya mfuko wa plastiki kwenye ncha, wa kufukuzia njiwa. Watoto tulikatazwa kukimbia kwenye sakafu. Yeye alikimbia kila saa, nyuma ya njiwa, nyuma ya mbuzi, akiinua magoti juu kama askari wa gwaride, na akirudi akihema alitukuta tumesimama tukamwambia, "Bibi, si tumekatazwa kukimbia?" Akajibu, "Mimi sikukimbia. Nilikuwa naenda haraka."

Kuhusu mvua alikuwa mtu wa imani kubwa na bahati ndogo. Alitazama mbingu upande wa Mlimba, akanusa, akatangaza: "Leo hainyeshi." Akina mama kutoka Mchombe, waliokuwa wamekuja na mpunga wao kwenye trekta, walikuwa wakisikia hivyo wanaanza kukunjua maturubai. Nimeona mvua ikimkuta bado anatamka. Wote walikimbia kufunika, maji yakitiririka mgongoni, na katikati ya vurugu hiyo sauti yake ilisikika ikisema kwamba hii si mvua, ni wingu limepita tu. Hakuna aliyewahi kumsikia akikiri. Lakini pia hakuna aliyewahi kupoteza mpunga kwake, kwa sababu turubai la kwanza kufika lilikuwa lake, na alilitupa juu ya mpunga wa mtu yeyote.

Kwenye sakafu hakuna aliyeingia na viatu. Kandambili ziliachwa ukingoni, zimepangwa kama msikitini, na rafiki yangu Zuhura, ambaye baba yake alikuwa mvuvi pale Kivukoni, ndiye aliyemwambia hivyo. Bibi alikwenda misa kila Jumapili, lakini alipenda sana mfano huo. Tangu siku ile mtu akisahau, alimwambia, "Wewe, vua, unaingia msikitini."

Na pekupeku ndivyo tulivyojifunza kugeuza mpunga. Hapa niseme taratibu, maana kila kitu kilikuja kutegemea hili. Mpunga ulioanikwa lazima ugeuzwe ili jua lifike chini, na njia yetu ni miguu. Unaingia kwenye mpunga, huinui mguu, unauburuta. Vidole vinakwenda chini, vinachimba, vinasukuma, mguu wa kushoto kisha wa kulia, na nyuma yako zinabaki njia mbili kama za reli. Mtoto wa bonde lile anajua mwendo huo kabla hajajua kusoma. Bibi wa Sakafu alitufundisha mimi, Zuhura na binamu yangu Deo, akitembea mbele yetu, na hadi leo nikichoka ninatembea hivyo hata barabarani.

Viatu vilikuja kwa mtumba. Ilikuwa karibu na Krismasi, Mama akanunua sokoni raba za zambarau zenye nyota ubavuni, kubwa kidogo, akaziba nafasi ya mbele kwa kitambaa. Kwenye kila kisigino kulikuwa na gurudumu, limezama ndani ya soli, limechungulia nje kidogo tu. Mama aliuliza ni nini. Muuzaji akamwambia hivyo ni viatu vya daktari, vya watoto wenye miguu dhaifu, kigurudumu kinakanda kisigino. Mama alifurahi. Miguu yangu haikuwa dhaifu, lakini alisema kinga si vibaya.

Nilivivaa kwenye misa ya Krismasi. Sakafu ya kanisa ilikuwa imepigwa nta. Wakati wa kwenda kukomunika nilitoka kwenye benchi, nikaegemea nyuma kidogo kumpisha mzee mmoja, na kanisa likaanza kunipita. Sikutembea. Nilipita akina mama wa kwaya, nikampita mzee niliyempisha, nikiwa nimesimama wima na mikono imefumbatwa kama malaika wa kwenye kadi, mpaka nikafika kwenye gauni la mtu, tukaanguka wawili.

Gauni lilikuwa la Bibi wa Sakafu.

Jioni alikuja nyumbani. Mama alikuwa ameviweka viatu juu ya kabati na kuniweka mimi kwenye kona.

"Nimekuja kuona kilichonipiga," Bibi alisema. Akapewa kiatu. Akakigeuza, akalizungusha gurudumu kwa kidole gumba, akalisikiliza likilia. Likamzungukia muda mrefu. Uso wake ulibadilika, ukawa uso wa mtu anayeona jembe zuri la mwingine.

"Nitavitoa kwa mtu," Mama alisema. "Nimeaibika mpaka nimekosa pa kuweka macho."

"Ukivitoa, mtoto wa mtu mwingine atavunjika kichwa. Na huyu wako ameshaonja. Akikosa hivi atapanda kitu kingine." Akanitazama kule konani. "Ulisikiaje?"

"Kama dunia inaondoka, Bibi."

"Umesikia, mama wa mtoto? Huyo hutamzuia. Mlete kwangu. Mwezi huu sakafu ina nafasi."

Tulifika watatu, kwa sababu jozi ilikuwa moja lakini hamu ilikuwa ya wote. Tulidhani tutavaa. Alivitundika viatu kwenye msumari wa ghala, akatupeleka nyuma ya mashine, kwenye lundo la pumba. Lundo lilikuwa refu kuliko mtu mzima, la dhahabu, linawasha shingo hata kwa kulitazama.

"Chini kwanza," alisema.

"Chini wapi?" Deo akauliza.

"Anguka."

Tulicheka. Hakucheka. Tuliangukia pumba asubuhi ile, na kesho yake, na siku zilizofuata, mpaka pumba zilipokuwa zikitoka masikioni tukiwa mezani. Alitufundisha kuanguka kama mtu mwingine anavyofundisha kuandika. Ukisikia unaondoka, kunja magoti, punguza njia ya kwenda chini. Kidevu kifuani, kisogo kisiguse. Kaa, kisha viringika upande. Na mikono ikumbatie kifua, isitangulie. Deo alikuwa anatanguliza mikono kila mara. "Mikono ni ya kulia ugali," alimwambia. "Unataka kulishwa na dada yako?"

Kisha kulikuwa na sheria ya kuanguka, na hii aliishika kuliko zote. Aliyeanguka haokotwi. Hakuna kumkimbilia, hakuna kumvuta mkono, hakuna kucheka. Mnasimama mlipo. Yeye aliye chini anausikiliza mwili wake, kiungo baada ya kiungo, na akimaliza anasema, "Nipo." Hapo ndipo mnaweza kusogea, na akitaka kunyanyuka mwenyewe mnamwacha.

"Na asiposema?" Zuhura aliuliza.

"Basi ndipo mimi nakuja. Siyo nyie."

Nilikuwa mkubwa nilipomuuliza sheria hiyo aliitoa wapi. Alisema aliwahi kumwona mtu ameanguka kutoka juu ya shehena ya magunia, watu wema wakamkimbilia, kila mmoja akashika upande wake wakamnyanyua kwa nguvu, na kilichokuwa kimeteguka kikavunjika. "Wema mwingi, mikono mingi," alisema, akaenda kumfukuza mbuzi.

Alitushonea kinga. Alichukua mabaki ya viroba, akajaza pumba, akashona kwa sindano ya magunia na uzi wa katani, tukawa na mito ya magotini na ya viwikoni. Kwa kichwa alisokota ngata ya kanga kuukuu, ile anayowekea mwanamke ndoo kichwani, lakini akaishusha ikae kisogoni na kuifunga kwa kitambaa chini ya kidevu. Tulifanana na watu wanaoumwa meno. Watoto wa mtaa walisimama kwenye uzio wakatuimbia. Deo alitaka kuivua.

"Waambie waje karibu waimbe vizuri," Bibi alisema, na hakuna aliyekuja, kwa sababu aliyeingia alipewa fagio.

Fagio lilikuwa kodi yake. Punje moja ya mpunga ikiingia chini ya gurudumu, gurudumu linasimama na wewe unaendelea. Kwa hiyo kabla ya kuvaa tulifagia, kwa fagio la chelewa, kutoka katikati kwenda nje, na yeye alipita nyuma yetu akipapasa saruji kwa unyayo. Tajiri wa mashine alikuja siku moja akakuta mtoto anateleza kwenye sakafu yake amefungwa kanga kichwani. Akauliza huu ni mchezo gani.

"Bosi, tembea hapo kwa soksi," Bibi alimwambia.

"Kwa nini nitembee kwa soksi?"

"Tembea tu."

Alivua viatu, akatembea, akaangalia soksi zake. Zilikuwa nyeupe. Akavaa viatu akaingia ofisini, na hatukusikia tena habari hiyo.

Ili kumpa anayeanza mahali pa kushika, alipanga magunia ya pumba safu mbili, wima, yakaacha kichochoro katikati. Gunia la pumba ni jepesi lakini ni pana, ukiliegemea linakupokea, na pembe zake mbili za juu zikifungwa kamba zinakuwa masikio ya kukamata. Yeye alikaa mwisho wa kichochoro juu ya ndoo iliyogeuzwa. "Mguu mmoja mbele, mmoja nyuma. Magoti laini. Nitazame mimi, usitazame miguu, miguu haijakimbia. Sasa vidole juu."

Na hapo ndipo sisi watoto wa Ifakara tuliposhindwa, kwa namna ambayo sidhani mtoto wa mahali pengine angeshindwa. Gurudumu liko kisiginoni. Unapoinua vidole unakwenda, unaposhusha vidole soli inagusa chini na kusimama. Lakini miguu yetu ilikuwa imeshasoma somo lingine. Mara tu tuliposikia sakafu inateleza, hofu ilituingia, na hofu ilivishusha vidole vichimbe, vitafute mpunga, visukume. Kiatu kikasimama ghafla, na sisi tukaenda na uso. Nilianguka hivyo. Zuhura naye hivyo hivyo. Deo alianguka akalala kwenye gunia akilikumbatia kama mchumba.

Bibi alitutazama kwa muda mrefu, kichwa ameegemeza kwenye mwanzi wa njiwa. Kisha akacheka, kwa mara ya kwanza tangu tuanze, akacheka mpaka akashika ndoo.

"Mnageuza mpunga," alisema. "Tazameni miguu yenu. Mnageuza mpunga. Hakuna mpunga hapo."

Tangu hapo ikawa ndiyo sauti ya likizo yetu. Hakuna mpunga hapo. Alituitia kutoka upande wa pili wa sakafu, akiwa anapima kipande cha mtu, bila hata kugeuka, akisikia tu jinsi soli inavyokwaruza. Na siku vidole vyangu vilipokubali, siku nilipotoka mwisho wa magunia na kuendelea kwenye saruji tupu, upepo ukiingia kwenye mikono ya gauni, mashine ikinguruma na vumbi la pumba likielea kwenye jua, nilipita mbele yake. Aliinua tu mwanzi, kama mtu anayefungua geti.

Yeye mwenyewe hakuvivaa. Hilo tulimsumbua nalo sana. Miguu yake ilikuwa midogo, ingeingia.

"Bibi, jaribu mara moja tu," Zuhura alimwambia.

"Mimi nafundisha."

"Huwezi ndiyo maana."

"Kocha wa mpira umemwona anafunga goli?"

"Alifunga zamani, Bibi. Wewe zamani ulipanda nini?"

Akamwambia akafagie. Lakini niliona akiviangalia. Jioni, akidhani tumeondoka, alivitoa msumarini na kulizungusha gurudumu kwa kidole gumba, kama siku ile ya kwanza, akalisikiliza mpaka linyamaze.

Aliogopa. Mtu aliyetufundisha kuanguka aliogopa kuanguka kuliko mtu yeyote niliyemjua. Enzi zile mto ulivukwa kwa kivuko pale Kivukoni, naye alipokwenda kwao upande wa Mahenge kwenye msiba, ilimlazimu kupanda. Niliwahi kusafiri naye. Alivua ndala, akazishika mkononi, akakaa chini kabisa kwenye chuma, katikati ya baiskeli na kuku, akasema mtu aliyekwishakaa amemaliza kazi ya kuanguka. Aliomba mpaka ng'ambo. Daraja lilipokuja, nilidhani atashukuru. Alilivuka mara ya kwanza kwa miguu, katikati ya barabara, pikipiki zikimpigia honi, na alipofika upande wa pili akalalamika kwamba kivuko kilikuwa na watu wa kuwalaumu, lakini daraja utamlaumu nani.

Siku ya Deo niiseme pia. Mvua ilikuwa imetangazwa kuwa hainyeshi. Ilipokuja, wote tulikimbilia maturubai, na Deo, aliyekuwa na viatu miguuni, akaona sakafu yote iko wazi na inang'aa. Kwenye sakafu yenye maji tulikatazwa hata kutembea haraka. Alitoka mbio, akainua vidole, na nikaona nyayo zake zikiwa juu kuliko kichwa. Mikono ilitangulia.

Mama yake, shangazi yangu, alikuwa pale na mpunga wake. Aliachia turubai akaanza kukimbia, na Bibi wa Sakafu akamkamata kanga kwa nyuma.

"Mwache."

"Mwanangu huyo."

"Ni wako. Mwache aseme."

Mvua ilinyesha juu ya Deo. Amelala ubavu, amefumba macho. Maji yote yale kwenye mabati, na sisi tumesimama kama magunia. Shangazi alikuwa analia, Bibi amemshika kanga kwa mikono miwili.

"Nipo," Deo alisema. Kisha, baada ya kujisikiliza zaidi: "Lakini mkono sijui kama upo."

Hapo ndipo Bibi alipokwenda. Alikata kipande cha reki ya mbao, akaufunga mkono kwa kanga yake ya akiba bila kuunyoosha, wakaenda hospitali. Kifundo cha mkono kilikuwa kimepasuka, kikapona vizuri. Shangazi hakumsemesha Bibi kwa muda. Viatu vikafungiwa ghalani, na tulijua kwamba mchezo umekwisha. Lakini mkono ulipotoka kwenye plasta, Bibi alikwenda mwenyewe kwa shangazi, akasimama mlangoni bila kukaa.

"Nimekuja kumchukua mtoto."

"Kumpeleka wapi?"

"Kwenye magunia. Mkono umepona. Asiporudi, atabaki ameanguka siku zote."

Sijui shangazi alimjibu nini. Najua kwamba jioni ile Deo alikuwa kwenye kichochoro, amefungwa ngata, anasikilizwa.

Viatu vilitubana, vikarithiwa, gurudumu moja likalika na kupotea. Tulikua. Lami ikafika, Deo akawa dereva wa bodaboda na ni yeye peke yake kwenye kijiwe chake anayevaa kofia ngumu hata akienda dukani. Zuhura anauza samaki na ana watoto wawili. Mimi nikaondoka.

Nilifika Kibaoni mchana. Deo alinipokea stendi, akaniambia njiani kilichotokea, akigeuza kichwa nusu ili upepo usichukue maneno. Bibi alikuwa bado anafanya kazi. Alikuwa anamfukuza njiwa. Punje chache zilibaki kwenye kipande kilichokwisha kufagiliwa, akazikanyaga, akaanguka.

"Punje, dada," Deo alisema. "Yeye. Kwa punje."

"Na walimwokota?"

"Dakika ileile. Watu kama kumi. Alikuwa anasema ngojeni, ngojeni. Nani amsikie."

Chumba chake kilinukia dawa ya kuchua na mchele mpya. Alikuwa ameketi kitandani, miguu imefunikwa, mdogo kuliko nilivyomwacha. Fremu ya chuma ilikuwa ukutani, imetundikwa nguo.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Umenenepa. Huko Morogoro mnakula nini?"

Tuliongea habari za mji. Kisha Fausta akaingia na uji, mwanamke mpole aliyechoka, akasema, "Mama, mgeni amekuja, hebu simama kidogo akuone." Na nikaona jinsi ilivyokuwa. Bibi alisogeza mguu mmoja nje ya shuka, sijui kama alitaka kusimama au kukaa vizuri, na hapo hapo Fausta akamshika kwapa, jirani aliyekuwa mlangoni akaja kwapa la pili, kijana wa nyumbani akashika kiuno. Bibi akarudisha mguu ndani ya shuka. Akatazama mlango.

Walipotoka akaniambia, polepole, "Naokotwa kabla sijaanguka."

Nilitoka nje nikamwambia Deo, na Deo hakuuliza swali. Aliwasha pikipiki akaenda kwenye mashine. Siku hizi pumba zinagombewa na wachoma matofali, lakini alirudi na kigari cha mizigo, kirikuu, kimejaa magunia, na Zuhura amekaa juu yake na harufu yake ya samaki. Tuliyapanga uani, safu mbili, kuanzia kizingiti cha mlango hadi kwenye mpapai. Tukayafunga masikio. Nikageuza ndoo mwisho wa kichochoro, nikakaa.

Zuhura aliingia ndani na fremu, akaiweka karibu na kitanda, akatoka. Nilimsikia akisema tu, "Bibi, kocha yuko nje anakusubiri."

"Kocha gani?"

"Yule aliyeangukia gauni lako."

Tulingoja. Fausta alitaka kwenda, nikamwomba asimame nami. Alinitazama kama shangazi alivyotazama siku ile. "Akianguka?" alisema.

"Tutamsikiliza."

Kwanza ikaja sauti ya chuma kwenye saruji. Kisha akatokea mlangoni, amejifunga kanga mbili, ngata ya kitambaa kisogoni imefungwa chini ya kidevu. Aliifunga mwenyewe. Zuhura aligeukia ukuta.

Alitazama magunia. Aliacha fremu kizingitini, sikutarajia hilo, akakamata sikio la gunia la kwanza. Akaanza. Hakuinua mguu. Aliuburuta, vidole chini, vikichimba, kushoto kisha kulia, na vumbi la uani likabaki na njia mbili nyuma yake. Macho yake yalikuwa chini kwenye miguu. Gunia la pili. Kidole gumba kilikwama kwenye udongo, akayumba, akashika.

Maneno yaliyonitoka yalikuwa yake.

"Bibi. Unageuza mpunga."

Akainua macho. Akanitazama kwa hasira, ile ya sakafuni, niliyokuwa nimeiogopa na kuikosa.

"Nimegeuza mpunga kabla mama yako hajazaliwa."

"Hakuna mpunga hapo."

Deo alicheka kwanza. Mdomo wa Bibi ukacheza upande mmoja. Akashusha pumzi, na nikaona, chini ya pindo la kanga, vidole vya mguu wa kuume vikinyanyuka. Kisigino kikatua. Kisha mguu wa nyonga ile, taratibu, vidole juu, kisigino. Akaachia sikio la gunia kabla hajafika kwenye lingine. Katikati hapo hakushika kitu. Alikuwa ananitazama mimi, siyo miguu.

Karibu na mpapai goti likalegea. Lilikunja laini, alivyotufundisha. Aliketi kwenye gunia, gunia likainama likamshusha, na akapotea nyuma yake, kidevu kifuani, mikono imekumbatia kifua.

Fausta alipiga hatua. Nilikamata kanga yake kwa nyuma.

Kuku walikatiza uani. Mbali kidogo mashine ilikuwa inakoboa. Hakuna aliyesogea. Nyuma ya gunia tulisikia pumzi, kisha kanga ikipangwa, kama mtu anayejipapasa kiungo baada ya kiungo bila haraka ya mtu yeyote.

"Nipo," alisema.

Na mkono wake ukatokea juu ya gunia, ukatafuta sikio, ukalikamata.